Ulirekodi gemu, faili liko wapi? Kuhamisha rekodi na picha za skrini kwenye kompyuta

Kwenye vyumba vya gemu vya Langoni, hapa Lamu, kuna malalamiko mawili ambayo hayaishi. La kwanza ni la mchezaji: amefunga bao la aina yake, amebonyeza vitufe, kompyuta imemwonyesha kwamba imerekodi, na sasa video haionekani popote. La pili ni la mwenye mashine: diski ya C imejaa mpaka Windows haiwezi kujisasisha, ilhali diski ya D imelala na mamia ya gigabaiti ambayo hayajaguswa. Kila mmoja hudhani shida yake ni ya peke yake. Kumbe ile video asiyoiona mchezaji ndiyo inayomjazia mwenye mashine diski yake.

Jibu ambalo wengi hulitaka ni fupi: nenda mahali fulani, badilisha folda, kwisha. Jibu hilo halipo, na anayekupa hulitoa kwa programu moja tu huku ukidhani amekumalizia zote. Kompyuta yenyewe hairekodi gemu. Programu ndizo zinazorekodi, na kwenye mashine moja zaweza kuwapo nne au tano kwa pamoja, kila moja ina folda yake na mipangilio yake, na hakuna inayojua mwenzake anafanya nini. Ukibadilisha folda ya moja, nyingine zitaendelea kumwaga mafaili kwenye C kama kawaida.

Ndiyo maana fundi anayejua kazi yake, akiulizwa "iko wapi," hajibu. Hulirudisha swali.

"Ami, nimerekodi mechi nzima, mbona siioni?"

"Umebonyeza vitufe gani, mwanangu?"

"Hata sikumbuki. Alt na kitu."

"Alt na F9, au kile cha Windows na Alt na R?"

Hapo kijana huinamia kibodi kutafuta vidole vyake vilipita wapi. Anachotafuta si vitufe tu. Anatafuta programu gani iliyoitwa, na ikishajulikana programu, folda imejulikana.

Kwanza jua nani amerekodi

Kitufe cha Windows pamoja na Alt na R huita Game Bar, programu ya Microsoft inayokuja na Windows 10 na 11 bila wewe kuiomba. Windows, Alt na PrtScn kwa pamoja ni picha ya skrini ya Game Bar hiyohiyo. Windows, Alt na G huiambia ihifadhi sekunde 30 zilizokwisha kupita, iwapo umeiruhusu irekodi chinichini muda wote. Alt na F9 ni ya wenye kadi za picha za NVIDIA, na Alt na F10 ni ya kadi hizohizo, ya kuokoa dakika chache zilizopita. Ukiwa ndani ya gemu iliyofunguliwa kwa Steam, lile duka la gemu za kompyuta, F12 ni picha ya Steam na Ctrl na F11 ni video ya Steam. F2 ndani ya Minecraft ni picha ya Minecraft yenyewe, haihusiani na yeyote kati ya hao. OBS, programu ya bure ya kurekodi skrini, haiji na kitufe chake. Huanzishwa kwa kubofya Start Recording, au kwa vitufe ulivyoipangia mwenyewe.

Kuna mtego mmoja hapa uliowapoteza wengi. Windows na PrtScn, bila Alt, nayo hupiga picha ya skrini, lakini si ya Game Bar. Ni ya Windows yenyewe, na huenda folda nyingine kabisa. Kidole kimoja kikiteleza, picha mbili za gemu moja zilizopigwa dakika moja zimelala katika folda mbili zisizofanana.

Kama vitufe vimesahaulika, tazama jina la faili lolote la zamani ulilonalo. Game Bar huanza na jina la dirisha la gemu, kisha tarehe na saa. OBS huandika tarehe na saa peke yake, mfano 2025-03-14 21-40-05. NVIDIA hutengeneza folda ndogo kwa kila gemu, na kilichorekodiwa nje ya gemu hukitupa kwenye folda iitwayo Desktop. Picha za Steam zina mstari mrefu wa tarakimu zilizogandana, mwaka, mwezi, siku na saa bila nafasi, kisha mstari wa chini na namba moja.

Na kama hakuna hata faili moja la kulinganisha, fungua File Explorer, ingia C, andika *.mp4 kwenye kisanduku cha kutafutia, subiri, kisha panga matokeo kwa tarehe. Rudia kwa *.mkv, kwa sababu OBS inaweza kuwa imehifadhi kwa muundo huo. Kazi hii huchukua dakika kadhaa kwenye mashine nzito. Lakini faili likitokea, bofya kulia, chagua Open file location, na folda itakuambia mwenyewe ni nani.

Game Bar, ambayo ndiyo ya wengi

Game Bar hupeleka kila kitu, video na picha, kwenye folda ya Captures iliyo ndani ya Videos ya mtumiaji. Ukifungua Settings, kisha Gaming, kisha Captures, utaiona njia ya folda hiyo imeandikwa, na pembeni yake kitufe cha kuifungua. Kitufe cha kuibadilisha hakipo. Hapo ndipo watu wengi hukata tamaa na kwenda kusema haiwezekani.

Inawezekana, ila si pale. Kuelewa kwa nini, kumbuka jinsi mgeni anavyoelekezwa katika mitaa ya mji wa kale. Hapewi nambari ya nyumba. Huambiwa nyumba ya Bi Fulani, nyuma ya msikiti, na Bi Fulani akihamia Mkomani, wenyeji humpeleka mgeni Mkomani. Windows hutunza baadhi ya folda zake hivyohivyo, kwa jina la mwenyewe. Videos, Pictures, Documents, Captures na nyinginezo zimeandikwa kwenye daftari lake la ndani: jina upande mmoja, mahali lilipo kwa sasa upande wa pili. Game Bar haijui C wala D. Inajua jina Captures tu, na kila inapotaka kuandika huiuliza Windows, Captures yuko wapi leo? Kwa hiyo huhitaji kuibembeleza Game Bar. Hamisha folda yenyewe, Windows itabadilisha daftari, na Game Bar itafuata.

Njia ninayoipendelea ni hii. Tengeneza kwanza folda mpya kwenye diski unayoitaka, tuseme D:\Gemu\Captures. Rudi kwenye Videos, bofya kulia folda ya Captures, chagua Properties, halafu kichupo cha Location. Bonyeza Move, chagua ile folda mpya, kisha Apply. Windows itauliza kama ihamishe na mafaili ya zamani. Kubali, isipokuwa uwe na sababu ya kukataa, maana ukikataa ya zamani yatabaki C na utakuwa na folda mbili za jina moja za kukuchanganya baadaye.

Microsoft yenyewe hutoa njia fupi zaidi: chukua folda ya Captures kwenye File Explorer uipeleke unakotaka, nayo Windows itaendelea kuhifadhi humo. Ni kweli, mradi uikate na kuibandika. Ukiinakili, umetengeneza folda nyingine yenye jina lilelile, na daftari halijabadilika. Rekodi mpya zitaendelea kwenda C, nawe utaapa kwamba ulihamisha.

Usichague D:\ yenyewe, bila folda ndani yake. Ukifanya hivyo, Windows huichukulia diski nzima kuwa ndiyo Captures, jina na alama ya diski huweza kugeuka, na kurudisha hali ya mwanzo huwa shughuli pevu. Tengeneza folda kwanza, kila mara.

Wengine hushauri kuhamisha Videos nzima badala ya Captures peke yake. Kwenye mashine ya mtu binafsi si vibaya. Kwenye mashine ya chumba cha gemu ningesema acha: Videos hutumiwa na programu nyingi, na kadiri unavyogusa vitu vingi ndivyo unavyokuwa na vingi vya kukumbuka siku mambo yakiharibika.

Na tukiwa kwenye vyumba vya gemu: daftari hilo ni la kila mtumiaji peke yake. Mashine ikiwa na akaunti ya mwenye duka na ya wateja, kila akaunti ina Captures yake. Kuhamisha ya mwenye duka hakugusi ya wateja hata kidogo. Nusu ya kesi za "nilihamisha lakini C bado inajaa" huishia hapo. Fanya kazi hiyo ukiwa ndani ya akaunti inayotumiwa kuchezea.

Picha za skrini na wingu ambalo hukuliomba

Zile picha za Windows na PrtScn huenda kwenye Pictures, ndani ya folda ya Screenshots. Nayo ni folda iliyoandikwa kwenye daftari lilelile, ina kichupo chake cha Location, na huhamishwa vilevile. Snipping Tool ya Windows 11 hupeleka picha zake hukohuko, na rekodi zake za video kwenye Videos, folda ya Screen Recordings.

Shida ya picha ni OneDrive. Unapoianzisha kompyuta mpya na kuingia kwa akaunti ya Microsoft, mara nyingi huulizwa kama unataka folda zako zilindwe mtandaoni, na mtu mwenye haraka hubonyeza ndiyo. Tangu hapo Pictures yako haiko pale unapodhani. Imehamia ndani ya folda ya OneDrive, na kila picha ya skrini inapandishwa mtandaoni. Akaunti ya bure ina gigabaiti 5. Kwa mtu anayetumia intaneti ya simu, aliyewasha hotspoti ili acheze mechi, hilo ni bando linaloliwa kimyakimya na pia ni sababu ya mchezo kukwamakwama, kwani mafaili yanapanda wakati uleule ambao gemu inahitaji mtandao.

Kabla ya kuhamisha Screenshots, basi, bofya alama ya wingu chini kulia ya skrini, ingia kwenye mipangilio ya OneDrive, sehemu ya kulinda folda, uzime ulinzi wa Pictures. Usizime kwa pupa bila kujua picha zilizokwisha kupanda zitabaki wapi: zinaweza kubaki ndani ya folda ya OneDrive, nawe ukaiona Pictures ya kawaida ikiwa tupu ukashtuka bure. Zitafute huko, uzihamishe kwa mkono, halafu ndipo ubadilishe Location.

Kuna pia ukurasa kwenye Settings, ndani ya System na Storage, unaokuruhusu kuchagua diski ya kuhifadhia picha na video mpya. Unaonekana kama ndiyo ile swichi moja iliyokuwa ikitafutwa. Siyo. Hauhamishi vya zamani, na programu kama OBS na Steam hazina habari nao.

Wale wenye anwani zao wenyewe

Programu nyingine haziulizi Windows chochote. Zimeandika anwani kamili, herufi kwa herufi, kwenye mipangilio yao, na ni huko tu unakoweza kuibadilisha.

OBS ndiyo rahisi kuliko zote: Settings, Output, kisha sehemu ya Recording, pale palipoandikwa Recording Path. Badilisha, umemaliza. Ukitumia hali ya Advanced badala ya Simple, kuna kichupo chake tofauti cha Recording chenye anwani yake, kwa hiyo angalia uko katika hali ipi kabla ya kulalamika.

NVIDIA inahitaji jicho. Fungua dirisha lake la ndani ya gemu kwa Alt na Z, ingia kwenye mipangilio, utafute anwani za mafaili. Ni mbili. Moja ni ya video zilizokamilika, nyingine ni ya mafaili ya muda. Watu hubadilisha ya kwanza, wakaridhika, wakafunga. Lakini ile huduma ya kuokoa dakika zilizopita hufanya kazi kwa kurekodi bila kukoma na kufuta kilichozeeka, na kurekodi huko hufanyika kwenye folda ya mafaili ya muda. Ikibaki C, C itaendelea kuandikwa na kufutwa saa zote ambazo gemu iko wazi, hata kama hukuhifadhi video yoyote. Na siku C ikiwa na nafasi finyu, kuokoa kutashindikana ingawa D ni tupu. Badilisha zote mbili.

Steam nayo ina mbili, ila sababu yake ni nyingine. Picha zake hulala ndani kabisa ya folda ya Steam, kwenye userdata, kisha nambari ya akaunti yako, kisha folda iitwayo 760, kisha remote, kisha nambari ya gemu. Hakuna mtu anayeifikia kwa bahati. Kwenye Settings, sehemu ya In Game, unaweza kuchagua folda ya picha iliyo mahali pa kibinadamu. Video ni habari tofauti: Steam ilianza kutoa huduma yake ya kurekodi gemu mwaka 2024, nayo ina ukurasa wake, Game Recording, wenye folda yake. Jambo la kujua ni kwamba Steam haihifadhi video moja iliyo tayari. Huhifadhi vipandevipande ambavyo Steam yenyewe ndiyo inayojua kuvicheza. Ukivinakili kwenye flashi umpelekee rafiki Shela, hataona kitu. Lazima kwanza uitoe video kama MP4 kutoka ndani ya Steam.

Wenye kadi za AMD watakuta anwani yao kwenye programu ya Adrenalin, sehemu ya kurekodi. Minecraft ya Java huweka picha zake kwenye AppData, Roaming, .minecraft, screenshots, na haikupi pa kuchagua kwingine. Nakili picha zako ukimaliza kucheza. Mwenye Mac hubonyeza Shift, Command na 5, kisha Options, achague mahali. Na wale wa PS5, ambao ndio wengi kwenye baadhi ya vyumba vya gemu, rekodi zao hukaa ndani ya mashine yenyewe. Unaweza kuzinakili baadaye kwenye flashi kupitia Media Gallery.

Unakohamishia nako kuna mambo yake

Hapa ndipo maelezo mengi huishia, na hapa ndipo matatizo ya kweli huanzia. Kubadilisha anwani ni dakika mbili. Kuchagua diski mbovu ya kupelekea kutakugharimu mechi nzima.

Anza na hesabu. Uzito wa rekodi hupimwa kwa megabiti kwa sekunde, na namba hiyo huipata kwenye mipangilio ya OBS au NVIDIA. Saa ina sekunde 3,600, na biti 8 hufanya baiti moja, kwa hiyo zidisha namba hiyo mara 450, upate megabaiti kwa saa. Rekodi ya megabiti 6 hula gigabaiti 2.7 kwa saa. Ya megabiti 20 hula gigabaiti 9. Ya megabiti 50, ambayo kadi nzuri huiweza bila kutoka jasho, hula 22.5. Vijana watano wakirekodi saa mojamoja jioni kwa megabiti 20, hizo ni gigabaiti 45, na SSD (diski ya kasi isiyozunguka) ya gigabaiti 128 yenye Windows na gemu mbili haina nafasi hiyo.

Hesabu hiyohiyo ina habari njema. Megabiti 20 kwa sekunde ni megabaiti 2.5 tu, kasi ambayo hata diski kuukuu ya kuzunguka huimudu, na hata tundu la USB 2.0. Kwa hiyo huhitaji SSD kwa ajili ya rekodi. Kinachoharibu mambo ni kuweka gemu na rekodi kwenye diski moja ya kuzunguka: kichwa chake kinasoma ramani ya gemu huku kinaitwa kuandika video, kinakimbia huku na huku, na mchezo unashikashika. Gemu ikiwa SSD na rekodi zikiwa kwenye diski ya kuzunguka, kila mtu ana njia yake.

Flashi ndiyo inayoumiza watu. Flashi za gigabaiti 32 kushuka chini huuzwa mara nyingi zikiwa zimeumbizwa kwa FAT32, mfumo wa zamani usioweza kushika faili moja la kufikia gigabaiti 4. Flashi inaweza kuwa na gigabaiti 20 tupu, rekodi bado itagonga ukuta. Kwa megabiti 20 ukuta huo unaufikia muda mfupi kabla ya nusu saa, yaani mechi ya kwanza imeingia na ya pili imekatika katikati. Ukiona rekodi zako zinakufa kila mara karibu na gigabaiti 4, usiilaumu programu. Bofya kulia flashi, Properties, usome File system.

Dawa yake ni NTFS au exFAT. Kama diski haitoki kwenye kompyuta za Windows, chukua NTFS, kwa sababu huweka kumbukumbu ya anachofanya na hupona vizuri zaidi umeme ukikatika. Kama itachomekwa pia kwenye Mac au simu, exFAT inakubalika zaidi. Windows ina amri ya kugeuza FAT32 kuwa NTFS bila kufuta vilivyomo: fungua Command Prompt kama msimamizi na uandike convert e: /fs:ntfs, ukiweka herufi ya flashi yako mahali pa e. Nakili vya thamani kwanza, hata hivyo. Amri hiyo huenda upande mmoja tu, na kurudi FAT32 ni mpaka uumbize upya.

Umeme, tena. Faili la kawaida la MP4 lina sehemu inayoeleza kila kipande cha video kiko wapi, na kwa kawaida sehemu hiyo huandikwa mwishoni, unapobonyeza kusimamisha. Stima ikipotea dakika ya 85, una faili la gigabaiti kadhaa ambalo hakuna programu ya kawaida itakayolifungua. MKV haina udhaifu huo: iliyorekodiwa hadi sekunde ya mwisho huchezeka. Kwa mashine ya mezani isiyo na betri wala UPS (kifaa cha kushikilia umeme unapokatika), katika mji ambao stima hupotea bila kuaga, ningerekodi kwa OBS, kwa MKV, halafu nigeuze kuwa MP4 kwa Remux Recordings iliyo kwenye menyu ya File. Kugeuza huko hakupunguzi ubora wala hakuchukui muda, maana picha hazirekodiwi upya, zinahamishiwa tu kwenye ganda jingine. OBS za kuanzia mwaka 2024 zina pia MP4 ya aina mchanganyiko inayostahimili kukatika, na hiyo nayo ni nzuri. Game Bar haikupi uchaguzi huu. Hutoa MP4, na ikiachwa yenyewe hukata rekodi ikifika saa 2, mpaka uongeze muda huo kwenye Settings hadi saa 4.

Diski ya nje ina ugonjwa wake wa pekee: herufi. Leo umeichomeka ikawa E, kesho mtu ametangulia na flashi yake, ya kwako imekuwa F. OBS imeandikiwa E:\Rekodi. Itakataa kurekodi, au vibaya zaidi, kama flashi ya yule mtu ina folda ya jina hilo, itarekodi humo, naye ataondoka nayo mfukoni. Bofya kulia kitufe cha Start, chagua Disk Management, bofya kulia diski yako, kisha Change Drive Letter and Paths, uipe herufi ya mbali ambayo flashi za wageni hazitaifikia, R kwa mfano. Windows itaikumbuka diski hiyo kwa herufi hiyo kwenye mashine hiyo. Fanya hivi kabla ya kupanga anwani kwenye programu, si baada yake.

Jambo moja zaidi, kwa walio na tahadhari ya usalama. Windows Security ina kinga dhidi ya programu za kuteka mafaili, iitwayo Controlled folder access. Kwa kawaida huwa imezimwa. Ikiwashwa, huzuia programu isizoziamini kuandika ndani ya Documents, Pictures na Videos, na gemu au programu ya kurekodi hushindwa kuhifadhi bila kueleza sababu inayoeleweka. Ama ruhusu programu hiyo kwa jina, ama rekodi kwenye folda iliyo nje ya hizo.

Ukishapanga, jaribu kwa sekunde kumi kabla ya mechi yenyewe. Bonyeza vitufe vilevile utakavyotumia, simamisha, nenda kwenye folda mpya, ufungue faili na kulitazama. Kisha ingia kwenye folda ya zamani uone kama hakuna kilichoangukia huko.

Na kama umehamisha kila kitu, umefuta vilivyobaki, na mstari wa C bado ni mwekundu, fungua Recycle Bin. Kilichofutwa kutoka C kinaendelea kukaa C mpaka pipa hilo lisafishwe, hata kama ni gigabaiti 60 za mabao. Kwenye flashi mambo ni kinyume: Windows haina pipa kwa flashi, na ukibonyeza Delete huko, video imekwenda.